Kabla hujabadili rejeta ya gari mwenyewe nyumbani, mimi ilinigharimu giaboksi

Kubadili rejeta sio kazi ya kutisha. Kwa hizi Toyota ndogo zilizojaa hapa mjini, Spacio, IST, Raum, mtu mwenye spana namba 10 na 12, plaizi, bisibisi na subira anamaliza ndani ya nusu siku kwenye kivuli cha mwembe wake. Ndo maana siku zote nasema fanya mwenyewe, hela ya fundi kanunulie kulanti ya maana, yaani maji ya kupozea injini. Ila kuna vitu ukivipuuza kabla hujashika spana utakuja kulipa mara kumi ya ulichookoa, na mimi nimeshalipa, kwa hiyo tulia usome.

Hakikisha kwanza mbaya wako ni rejeta kweli. Gari inachemsha kwa sababu nyingi, feni haizunguki, thamostati imeganda, wota pampu inavuja, sili ya mfuniko imechoka, hedi gasketi imekufa. Rejeta mbovu mara nyingi inajisema yenyewe, utaona ufa kwenye plastiki ya juu pale inapokutana na aluminiamu na pembeni yake ukoko wa kulanti iliyokauka. Sasa kama maji yanapungua na hakuna panapovuja, alafu silensa inatoa moshi mweupe ambao haukati hata injini ikishapata moto, funga boneti uende kwa fundi, rejeta mpya haitakusaidia kitu.

Mfuniko wa rejeta haufunguliwi gari ikiwa ya moto. Basi. Kama humwamini mtu yeyote kwenye hili, gusa mpira wa juu wa rejeta, ukishindwa kuushika kwa kiganja nenda kale kwanza.

Ukifungua ikiwa baridi angalia rangi ya kilichomo ndani. Ukikuta kitu kizito cha pinki kama juisi ya mapera iliyotiwa maziwa, na gari yako ni otomatiki, acha hapo hapo na usiiwashe tena. Hiyo ni oili ya giaboksi imekutana na kulanti ndani ya rejeta, na kama oili imeingia kwenye maji basi jua na maji yameshaingia kwenye gia. Hapo unahitaji kuoshewa giaboksi, habari ya rejeta peke yake imeshapitwa.

Kwenye kununua, usiende Kariakoo ukasimama dukani ukasema naomba rejeta ya Spacio. Watakupa rejeta ya Spacio, ila sio ya Spacio yako. Nenda na namba ya chesisi, sema injini gani, sema otomatiki au gia za mkono, maana ya otomatiki ina vidomo viwili chini kwa ajili ya oili ya gia na ya gia za mkono haina. Pima na unene wa ile sehemu ya mapezi, kuna za milimita 16 na za 26, zinafanana kwa sura lakini ukija kufunga feni haikai. Njia ya mtu mvivu lakini salama ni kwenda na picha za rejeta ya zamani kutoka kila upande. Alafu nunua na mfuniko mpya wenye namba ile ile iliyoandikwa kwenye wa zamani, 0.9 au 1.1. Usiambiwe kubwa ndo bora, ile ni presha, ukizidisha unaenda kupasua plastiki mpya au mpira wa zamani.

Mipira miwili, wa juu na wa chini, ibonyeze. Ikiwa migumu kama kandambili za mwaka juzi au imevimba mwishoni, badilisha sasa hivi wakati umeshafungua, na klipu zake pia. Kumbuka hilo neno klipu, tutarudi kwake.

Kulanti: chagua aina moja kulingana na gari yako na usichanganye rangi rangi, kuna zikichanganywa zinafanya tope. Maji ya kuchanganyia yawe yale yaliyosafishwa, ya kwenye chupa za kuongezea betri, ila soma chupa vizuri maana pembeni yake wanauza asidi ya betri na chupa zinafanana. Maji ya kisima haya yetu ya chumvi chumvi usiyaweke kabisa, aluminiamu inaliwa polepole kwa ndani, mwaka kesho unarudi dukani. Na beseni la kulanti uliyomwaga liwe mbali na watoto, mbwa na kuku wa jirani, ile kitu ina utamu na ni sumu kweli.

Toa waya wa hasi wa betri kabla hujaweka mkono karibu na feni. Mbele ya rejeta kuna kondensa ya AC, inafanana na rejeta nyembamba, mabomba yake usiyafungue kabisa, yana gesi ya presha. Ifunge kwa kamba isining'inie, basi.

Sasa tuje kwenye lenyewe.

Siku nabadili ya kwangu nilijiandaa kama daktari wa upasuaji. Jumamosi asubuhi, Spacio otomatiki, maboksi nimetandaza, video nimeangalia tatu, simu nimemwachia mtoto anipige picha kila hatua. Nikafungua koki ya chini, kulanti nyekundu ikashuka kwenye beseni. Nikatoa mpira wa juu, nikatoa wa chini, nyekundu ikaendelea kushuka. Nikachomoa vile vimipira viwili vidogo vya chini, vile vya oili ya gia, na pale pia ikashuka nyekundu kwenye beseni lile lile. Mimi akilini mwangu yote ni kulanti. Kulanti ya Toyota hii ni nyekundu na oili ya giaboksi ni nyekundu, na video zote tatu zilikuwa za gari ya gia za mkono.

Elewa kwanza oili ya gia inatafuta nini kwenye rejeta. Giaboksi ya otomatiki inazalisha joto jingi sana, kwa hiyo oili yake inasukumwa mpaka kwenye kabomba kaliko ndani ya tanki la chini la rejeta, inapozwa na kulanti inayokazunguka, alafu inarudi gia. Havikutani, ni ukuta tu kati yao. Kwa hiyo ukichomoa ile mipira miwili umefungua giaboksi, hata kama hujaigusa yenyewe.

Nikafunga rejeta mpya, nikajaza kulanti, nikatoa hewa vizuri kabisa, hiyo sehemu najisifu. Vile vimipira vidogo nikavirudisha na klipu zake za zamani, zile za springi za kubana kwa plaizi, moja ilikuwa imelegea mpaka inazunguka kwa kidole lakini nikasema itakaa. Jumapili asubuhi nikakuta matone mekundu chini. Nikajiambia ni kulanti iliyomwagikia juu ya kava la chini jana, inamalizikia. Nikafuta. Jumatatu tena matone, nikafuta tena. Kila asubuhi naangalia rejeta imejaa pomoni, chupa ya akiba iko kwenye mstari, nafurahi kabisa.

Jumamosi iliyofuata tuna mahafali Morogoro. Gari imejaa, mama watoto mbele, nyuma mama mkwe na watoto. Tumefika Mlandizi mama mkwe anauliza, baba, hii harufu ya kuungua ni ya nini? Nikamjibu kwa heshima zote, ni rejeta mpya mama, bado inazoea. Rejeta inazoea nini jamani! Ilikuwa oili inadondokea kwenye bomba la moshi.

Tunakaribia Chalinze kuna kakilima, nakanyaga mafuta injini inalia, mshale wa mizunguko unapanda, gari haiendi. Naachia, inashika kidogo, nakanyaga, inateleza. Nikapaki pembeni, kitu cha kwanza nikakimbilia rejeta. Imejaa. Sikuelewa chochote mpaka akaja fundi mmoja mtu mzima, hakuuliza maswali mengi, akachomoa kijiti cha oili ya gia, akakifuta na kitambaa, akakichovya tena, akakichomoa, kikavu. Akanionyesha. "Bosi, huku hamna kitu. Hii rejeta nani kafunga?" Mama mkwe kimya, mama watoto anaangalia lami.

Iliingia oili zaidi ya lita mbili na nusu. Mahafali tulifika yakiwa yameisha, watu wanakula. Na kule kuvuja kwa wiki nzima kulikuwa kumeshachoma klachi za ndani, ndani ya mwezi ikawa ukiweka R unahesabu mpaka tano ndo inashika. Giaboksi ya mtumba laki saba na nusu, na kuifunga juu yake. Rejeta nilinunua laki na thelathini. Ufundi niliokuwa naukwepa ulikuwa elfu thelathini.

Kwa hiyo kama gari ni otomatiki, fanya hivi na usibishane. Beseni mbili, moja ya kulanti na nyingine ndogo ya vile vimipira viwili, ukishachomoa tu vizibwe kwa boliti au kijiti safi oili isiendelee kutoka. Pima kilichotoka kwenye beseni ndogo ujue cha kurudisha. Uwe na lita moja au mbili za oili sahihi pembeni kabla hujaanza, na aina yake soma kwenye kijiti chenyewe, kwenye Spacio ile imeandikwa T-IV, usiuziwe yoyote kisa ni nyekundu. Klipu mpya, zote. Kwenye rejeta mpya vidomo vya oili vinakuja vimezibwa na vizibo vya plastiki, vitoe, namjua mtu hakuvitoa na akawa anashangaa mpira unavimba.

Ukishamaliza pima oili ya gia kwa utaratibu wake: tembeza gari ipate moto, paki sehemu tambarare, injini ikiwa inanguruma pitisha gia zote kutoka P mpaka L urudi P, ndo uchomoe kijiti, ufute, uchovye, usome upande ulioandikwa HOT. Ukipima injini imezimwa unajidanganya.

Na matone yoyote mekundu chini ya gari, weka kidole. Kulanti ni majimaji ina utelezi kidogo, oili ni oili. Kama bado huna uhakika dondoshea kwenye bakuli la maji, kulanti inayeyuka na kupotea, oili inabaki inaelea juu. Sekunde kumi tu. Laki saba na nusu.

Haya, mengine haraka. Mipira ya miguu ile ambayo rejeta inakalia na vishikio vya pembeni vitoe kwenye ya zamani uvihamishe, mpya mara nyingi inakuja uchi. Koki ya chini ni plastiki, kaza kwa vidole, ukitumia plaizi umeivunja. Soketi ya feni irudishe na uhakikishe imelia tik. Kutoa hewa, jaza polepole, washa injini mfuniko ukiwa wazi, hita weka joto la mwisho, subiri mpaka thamostati ifungue uone usawa wa maji unashuka, ongeza, minya minya mpira wa juu, usifunge mpaka feni imewaka na kuzima angalau mara mbili na mapovu yamekata. Linganisha ulichojaza na ulichotoa, ukiona ulichoingiza kimepungua kwa lita moja na nusu kuliko ulichotoa, kuna hewa imekaa mahali. Kesho yake asubuhi kabla hujawasha, fungua uangalie tena, karibu kila mara itakuwa imeshuka kidogo.

Kama gari yako haina mshale wa joto, ina taa ya bluu na nyekundu tu, kuwa makini zaidi maana ikiwaka nyekundu muda wa kujadiliana umeshaisha, zima. Wiki ya kwanza usisafiri nayo mbali, zunguka nayo hapa hapa, beba dumu la maji, tochi, klipu mbili za ziada na glavu. Usianze kazi hii jioni, usianze siku ambayo kesho yake una safari, usianze ukiwa peke yako nyumbani na gari imesimama kwenye jeki bila stendi, na usianze maduka ya spea yakiwa yamefungwa, kwa sababu kuna kitu kitavunjika, hicho mimi nakuhakikishia, kwangu ilikuwa kile kidude cha kushikia kava la chini.

Na rejeta ya zamani usiwape wale wa vyuma chakavu wanaopita na mkokoteni mpaka mpya imemaliza wiki. Mimi niliwauzia siku ile ile elfu nne, na vishikio viwili vikaenda nayo, mpaka leo upande wa kulia umefungwa kwa waya.