Jinsi ya kuiona fizikia ya mifumo isiyo na msawazo kwa kutumia bao, kete na kopo la karatasi

Wakuu, kuna watu wanasoma fizikia ya takwimu mwaka mzima, wanakariri Boltzmann, wanakariri entropia, afu ukiwauliza mfumo unaosukumwa muda wote bila kupumzika unakuwaje wanabaki kukutolea macho. Siwalaumu, mi mwenyewe nilikuwa hivyo hivyo, maana hii mada huwa inaanzwa na hesabu nzito kabla hujakiona kitu chenyewe. Leo tunacheza kwanza, hesabu zitakuja zenyewe.

Tafuta bao la Kiswahili, lile la mashimo 32, safu nne za mashimo nane nane. Kete 16, dadu ya ludo, shilingi, kopo, na vipande 17 vya karatasi vinavyolingana. Na simu yenye kamera, hii usiisahau maana ndo itakayotoa jibu. Kama huna bao chora mashimo 16 kwenye boksi utumie maharage, hakuna atakayekukamata.

Kwa nini bao? Aliyewahi kucheza anajua, upande wako una mashimo 16 na kete unazitembeza kwa kuzunguka, ukifika mwisho wa safu ya mbele unaingia ya nyuma, unarudi. Yaani ni duara, na duara ndo tunalolitaka.

Kabla ya kuanza tuelewane neno moja, msawazo. Chukua chai iliyosahaulika mezani mpaka imepoa kabisa, joto lake na la chumba ni moja. Humo ndani molekuli bado zinakimbizana, ila kila mwendo unaotokea, mwendo wake wa kinyume nao unatokea mara nyingi vilevile, kwa hiyo hakuna kinachoenda popote. Sasa angalia mto ambao hujajaa wala kupungua. Kina ni kile kile jana na leo, ukipita haraka utasema umetulia, kumbe maji uliyoyaona jana yalishafika baharini. Chai iko kwenye msawazo. Mto uko kwenye hali ya kudumu, hali yake haibadiliki lakini mkondo hausimami. Watu wanachanganya hivi viwili kila siku, na mchezo wetu kazi yake ni kuvitenganisha.

Haya. Yape mashimo ya upande mmoja namba 1 mpaka 16 kwa kuzunguka, andika namba hizo kwenye karatasi 16, tia kwenye kopo. Weka kete 8, kila moja kwenye shimo lake, ovyo ovyo tu usizipange. Chomoa karatasi. Tuseme imetoka 5, angalia shimo la 5, kama lina kete na la 6 ni tupu unaisogeza kete iende 6, kama la 6 lina kete basi inabaki hapo hapo inasubiri, na kama la 5 lenyewe ni tupu hakuna cha kufanya. Baada ya 16 inafuata 1. Kurudi nyuma hakuna, kumruka mwenzako hakuna, shimo moja kete moja. Halafu karatasi inarudi kwenye kopo, tikisa, chomoa tena. Ukichomoa mara 16 hiyo ni raundi moja, andika kete zimesogea mara ngapi.

Kuhusu kurudisha karatasi nasisitiza kwa sababu nilishakosea. Siku ya kwanza niliona kuchomoa kunanichosha, nikasema ngoja nipite mashimo kwa mpangilio, la 1, la 2, la 3, nini kikatokea, kete moja iliyokuwa shimo la 1 ikasogea la 2, nikafika la 2 nikaikuta, nikaisogeza la 3, nikafika la 3 nikaikuta tena, ikakimbia vile mpaka ikagonga mgongo wa mwenzake. Nikaandika matokeo ya ajabu kabisa na nikaamini nimegundua kitu. Huo ni mchezo mwingine wenye hesabu zake. Hapa bahati nasibu lazima iwe ya kweli.

Cheza raundi 10. Misogeo yote itakuwa kama 43 hivi, ukipata 36 au 50 usishtuke, bahati ina mambo yake. Sasa toa kete, bakiza 4, cheza raundi 10 nyingine, inatakiwa ije karibu na 32. Afu weka kete 12. Hapa wengi wanabashiri kwamba kete zikiwa nyingi misogeo itakuwa mingi, na inarudi kule kule kwenye 32. Ukikaa nalo utaona sababu, kwenye kete 12 kuna mashimo matupu 4, na kila kete ikienda mbele ni kama tupu limerudi nyuma, kwa hiyo matupu 4 yanatembea kinyume kama vile kete 4 zilivyokuwa zinatembea mbele. Hesabu yake, uwezekano kwamba karatasi uliyochomoa italeta msogeo ni idadi ya kete mara idadi ya matupu, gawa kwa 16 mara 15. Kwa kete 8 ni 64 kwa 240, zidisha na michomo 160 unapata 42 na kitu. Mkondo, yaani misogeo ya jumla kuelekea mbele, unakuwa mkubwa zaidi bao likiwa limejaa nusu.

Huu mchezo sijautunga mimi. Mwaka 1968 MacDonald, Gibbs na Pipkin waliutumia kueleza ribosomu, vile vimashine vidogo vya ndani ya seli, zinavyotembea juu ya RNA, uzi wenye maelekezo, zikitengeneza protini, maana ribosomu nazo zinapanga foleni na ya nyuma haiwezi kuipita ya mbele. Miaka miwili baadaye mwanahisabati Frank Spitzer akauleta kwenye hisabati. Siku hizi kwenye fizikia ya nje ya msawazo ndo mfano ambao karibu kila mtu anaanza nao.

Sasa mchezo wa pili, huu ni wa chai. Kila kitu kile kile, kete 8, ila ukishachomoa karatasi rusha shilingi, ikiangukia kichwa kete inajaribu kwenda mbele, upande wa pili inajaribu kurudi nyuma, kama huko kuna mtu haiendi. Msogeo wa mbele andika moja ya kujumlisha, wa nyuma moja ya kutoa. Jumla itayumba yumba, mara juu kidogo mara chini kidogo, lakini wastani wake ni sifuri. Kete zinahangaika kweli kweli na hakuna mkondo.

Hapa ndo utamu ulipo, kwa hiyo usiparuke. Kila mwisho wa raundi piga picha ya bao, picha 20 za mchezo wa kwanza na 20 za wa pili, zichanganye, mpe mtu ambaye hakuwepo akutenganishie. Mi nilimpa dogo wa nyumbani, form four, anajiamini sana kwenye hesabu, akakaa robo saa anatafuta mtindo, mwisho akaniambia namdanganya zote ni za mchezo mmoja. Hakuwa mjinga. Kete 8 kwenye mashimo 16 zinaweza kupangika kwa namna 12,870, na kwenye michezo yote miwili, ukishacheza muda wa kutosha, kila mpangilio una nafasi sawa kabisa na mwingine. Hakuna kipimo duniani kitakachotenganisha hizo picha, hata ukiwa nazo milioni.

Sasa rekodi video, raundi chache za kila mchezo, na uzicheze kinyumenyume. Ya mchezo wa shilingi ukiicheza kinyume bado ni video halali ya mchezo ule ule, huwezi kusema ipi ndo ya kweli. Ya mchezo wa kwanza inajisaliti papo hapo, kete zote zinarudi nyuma. Kwa hiyo mtu akikuuliza mfumo huu uko kwenye msawazo au la, picha usiiamini, omba video. Kama mbele na kinyume havitofautiki ni msawazo, vikitofautiana kuna kitu kinausukuma na kuna mtu anailipia hiyo nishati.

Msidhani lakini kwamba mifumo yote inayosukumwa ina picha nyepesi namna hii, hiyo ni bahati ya duara tu. Tulikate tuone.

Ongeza karatasi ya 17, iandike 0. Shimo la 1 ni mlango wa kuingilia, la 16 ni wa kutokea, na katikati ya 16 na 1 sasa hakuna njia. Ikitoka 0 na shimo la 1 ni tupu, rusha dadu, ikikubali ingiza kete mpya. Ikitoka 16 na kuna kete pale, rusha dadu, ikikubali itoe nje kabisa. Namba nyingine kama zamani, kwenda mbele bila shilingi. Raundi sasa ni michomo 17.

Jaribio la kwanza, kuingia dadu ikubali kwa 1 peke yake, kutoka ikubali kwa namba yoyote isipokuwa 6. Anza na kete 8 uwe na subira, raundi 30 hivi, ni kazi ya jioni moja mkiwa wawili, mmoja anachomoa mwingine anasogeza. Bao litajimwaga lenyewe mpaka zibaki kete kama 3. Jaribio la pili geuza, kuingia rahisi kutoka kwa 1 tu, bao litajaa mpaka kama 13. Chukua kalamu uhesabu misogeo yote pamoja na kuingia na kutoka, kwenye majaribio yote mawili inacheza kwenye 2 na kitu kwa raundi. Mkondo ni mmoja, ila bao moja ni jangwa na jingine ni kariakoo siku ya sikukuu.

La tatu fungua milango yote miwili kwa 5 kati ya 6. Bao linakaa karibu nusu, mkondo ni karibu robo ya msogeo kwa kila mchomo, yaani 4 na kitu kwa raundi, na hapo hata uongeze nguvu ya kuingiza vipi haipandi, kikwazo kimehama kutoka mlangoni kimekuja ndani.

Nani kaamua bao lijae au lisijae? Sheria za katikati hujazigusa kabisa, umegusa milango tu. Kwenye msawazo kitu kama hiki hukikuti, mfumo wa mstari mmoja ambao kila kimoja kinagusana na jirani yake tu haugeuki hali ghafla kwenye joto lolote lililo juu ya sifuri kamili. Ukishaanza kuusukuma mfumo, milango inatawala mpaka ndani. Mwanafizikia Joachim Krug ndo aliyeliweka wazi mwaka 1991, na mwaka 1993 Derrida, Evans, Hakim na Pasquier wakatoa jibu kamili la hesabu, na Schütz na Domany nao wakafika hapo hapo mwaka huo huo kwa njia yao.

Jaribio la nne usilifanye kwa mkono utazeeka. Kuingia 1 kati ya 6, kutoka 1 kati ya 6. Andika programu, mistari 20 ya Python inatosha, orodha ya sifuri na moja, chagua namba ovyo, angalia jirani, badilisha. Weka mashimo 200 badala ya 16. Utaona nyuma ni kweupe mbele ni foleni, na mpaka kati yao unatanga tanga kama mlevi, dakika hii uko karibu na mlango wa kutokea, baadaye umesogea mpaka wa kuingilia. Wastani utakudanganya kwamba bao linajaa taratibu kutoka nyuma kwenda mbele, ukiangalia video hakuna popote palipojaa nusu.

Anayetaka kuipeleka hii kwenye magari ya kweli angalizo moja. Mwaka 2008 Wajapani waliweka magari 22 kwenye duara la mita 230, madereva wakaambiwa waende mwendo mmoja kama kilomita 30 kwa saa, hakuna taa, hakuna ajali, hakuna trafiki, na foleni ikazaliwa yenyewe ikawa inarudi nyuma kwa kama kilomita 20 kwa saa. Duara letu la kete halitoi foleni ya namna hiyo kwa sababu kete haina spidi wala breki. Hapo tumia sheria za Nagel na Schreckenberg za 1992, ambazo gari linaongeza mwendo, linapunguza likikaribia la mbele, na mara mojamoja dereva anakanyaga breki bila sababu. Ukiiondoa hiyo breki isiyo na sababu foleni za ghafla zinapotea.

Kwa waliobaki na hamu, rudi kwenye duara na karatasi ya grafu. Pita mashimo kwa mpangilio, penye kete chora mstari unaoshuka, patupu chora unaopanda. Kete inaposogea, kibonde kinageuka kilima, kwa hiyo mchoro mzima unakua kwenda juu kama ukuta unaotupiwa udongo. Ukuaji wa aina hii una mlinganyo wa Kardar, Parisi na Zhang wa 1986, na Takeuchi na Sano waliupima Japani kwenye kioevu fuwele, aina ya kitu kinachotumika kwenye skrini za LCD, mwaka 2010. Kwenye kompyuta weka mashimo elfu chache, nusu yawe na kete, anza na kete moja tupu moja ili mchoro uwe bapa, pima tofauti ya vilima na mabonde ya mchoro inavyokua kadri muda unavyoenda, chora logi kwa logi, yaani logi ya tofauti hiyo dhidi ya logi ya muda. Mchezo wa kwanza mteremko unasogelea theluthi moja, wa shilingi unakuja robo. Ukiona yote miwili inagoma kupanda kabisa, umeacha muda ukapita mno, ongeza mashimo.