Kutengeneza Peremende za Mnanaa Nyumbani Nairobi

Kinachowaharibia wengi peremende hapa Nairobi ni joto. Jiji liko karibu mita 1,800 juu ya usawa wa bahari, na maji huchemka kwenye nyuzi 94 hivi badala ya 100, kwa hiyo shira ambayo Mombasa huiva kwenye nyuzi 150, kwetu huwa imeiva inapofika 144. Mara yangu ya kwanza nilifuata kitabu hadi nyuzi 154, na shira ikawa kahawia, yenye ladha ya kuungua iliyoufunika mnanaa. Basi chemsha kwanza maji matupu, tumbukiza kipimajoto, na kiasi kinachopungua kufikia 100 ukiondoe katika kipimo cha maelekezo.

Tia katika sufuria nzito gramu 400 za sukari, mililita 150 za maji na kijiko kimoja cha chai cha maji ya limau, ambayo huzuia shira isirudi kuwa chenga. Koroga kwa moto mdogo mpaka sukari iyeyuke yote, kisha uuweke mwiko kando kabisa. Punje zilizonata kandoni mwa sufuria zifute kwa brashi yenye maji, maana chache tu zikidondoka ndani zaweza kuiharibu shira yote.

Sasa ongeza moto. Asiye na kipimajoto adondoshe shira kidogo katika bakuli la maji baridi: ikinyumbulika, bado, ikivunjika ka! kama kioo, imeiva.

Epua, subiri mapovu yatulie, ndipo utie robo kijiko cha chai cha mafuta ya mnanaa, kwani yakitiwa sufuria ikiwa motoni harufu hupaa na mvuke. Usiinamie sufuria, kwa sababu mvuke huo huwasha macho. Chupa iwe imeandikwa kwamba mafuta ni ya kuliwa. Yale ya kuchulia misuli hayafai kamwe.

Mimina kwenye sinia lililopakwa mafuta, na watoto wakae mbali, kwa kuwa shira hunata kwenye ngozi na kuunguza kuliko maji ya moto. Kingo zikianza kuganda, zikunje kuelekea katikati, kisha, ukiwa umevaa glavu nene zilizopakwa mafuta, ivute na kuikunja tena na tena. Hewa ikiingia, shira iliyokuwa angavu hugeuka nyeupe yenye mng'ao wa hariri, nayo ndiyo raha ya kazi hii. Kabla haijakaza, ikate upesi kwa mkasi, zigaragaze peremende katika sukari ya unga, na zikipoa zihifadhi katika chupa yenye kifuniko cha kubana, hasa wakati wa mvua za Aprili, ambapo peremende iliyoachwa wazi haikawii kunata.