March Madness: jinsi ya kujua game iko chaneli gani na utaiangalia wapi

Kila Machi ikifika na March Madness, yaani mashindano ya ubingwa wa basketi ya vyuo Marekani, meseji zinakuwa zile zile, game iko wapi, nani ana linki, mbona kwangu haionyeshi, na mara nyingi anayeuliza ana kila kitu mkononi ila ameanzia pasipo sahihi. Kafungua app kwanza. Ukiwa Marekani na unataka basketi hii ya vyuo, usianze na app, anza na chaneli. Ukishajua game iko chaneli gani, ndo unauliza hiyo chaneli naipataje kwa hela kidogo, na hapo mambo yote yananyooka.

Kitu cha kwanza kabisa ni kujua unatafuta mashindano yapi, maana ya wanaume na ya wanawake yanachezwa wiki zile zile, yote yana timu 68, yote yanaitwa March Madness, lakini chaneli hazifanani hata moja. Wanaume wako CBS, TBS, TNT na truTV. Wanawake wako kwa familia ya ESPN pamoja na ABC. Hilo peke yake linamaliza nusu ya maswali, kwa sababu watu wengi wanatafuta game ya wanaume ndani ya app ya ESPN, wanaona matokeo, wanaona ratiba, wanabonyeza na hakuna video, wanadhani simu ina shida. Simu haina shida, ESPN hawana haki ya kuonyesha hiyo game.

Tuanze na wanaume. CBS ilianza kuonyesha mashindano haya 1982, kuanzia 1991 ikawa nayo karibu yote peke yake, na kwa kuwa ni chaneli moja na game zinachezwa nne kwa mpigo, wao ndo walikuwa wanaamua mji wako uone ipi. Uko Ohio unapewa game ya Ohio State, ukitaka nyingine ndo basi. Mwaka 2011 CBS wakaungana na Turner, kampuni ya TBS, TNT na truTV, na kuanzia hapo kila game inaonyeshwa nzima nchi nzima, ila zimegawanywa kwenye chaneli nne. Mkataba huo unaenda mpaka 2032, kwa hiyo ukizoea huu mpangilio leo utakufaa miaka mingi.

Ratiba yenyewe inakaa hivi. Jumapili ya Selection Sunday CBS wanatangaza timu na braketi, yaani mchoro wa nani anakutana na nani, jioni, na chaneli na saa za raundi ya kwanza zinatoka usiku huo au asubuhi yake. Kabla ya hapo mtu yeyote anayekwambia timu yako itakuwa TNT saa fulani anabahatisha. Jumanne na Jumatano ni First Four, game nne za mchujo kabla ya raundi ya kwanza, pale Dayton, Ohio, na hizo huwa truTV. Halafu Alhamisi na Ijumaa ndo siku zenyewe, game 16 kila siku, kuanzia mchana mpaka usiku wa manane kwa saa za mashariki. Jumamosi na Jumapili raundi ya pili. Wiki inayofuata Sweet 16 (zimebaki timu 16) na Elite Eight (timu nane), kisha wikendi baada ya hapo Final Four (timu nne, nusu fainali) Jumamosi na fainali Jumatatu.

Sasa jifunze kusoma mstari mmoja wa ratiba maana hapa watu wengi wanapotea. Utaona kitu kama (5) na (12), 9:25 PM ET, TNT. Namba za kwenye mabano ni nafasi ya timu kwenye kanda yake, maana braketi imegawanywa kanda nne, hazihusiani na chaneli. ET ni saa za mashariki, za New York na Atlanta. Ukiwa Minneapolis, Dallas au Chicago toa saa moja, Denver toa mbili, Seattle na Los Angeles toa tatu. Phoenix hawabadilishi saa, kwa hiyo mwezi Machi na wao wanatoa tatu sawa na Los Angeles. Na sisi tunaohesabu kwa Kiswahili kuwa makini kidogo, 9:25 PM ni saa tatu na dakika ishirini na tano usiku, usije ukamwandikia mwenzako "saa tisa" kwenye grupu akatega alamu ya alfajiri.

Kuna jingine kwenye huo mstari. Game ya pili kwenye uwanja ule ule inaanza kama nusu saa baada ya ile ya kwanza kuisha, kwa hiyo saa iliyoandikwa ni makadirio tu. Ya kwanza ikienda muda wa nyongeza, yako inasogea. Ukifungua TNT saa tatu na dakika ishirini na tano ukakuta timu nyingine bado zinacheza, usihangaike na rimoti, uko mahali sahihi, subiri.

Njia ya bei rahisi kuliko zote ni antena, na inaniuma sana kuona watu wanaisahau. CBS na ABC ni chaneli za hewani, bure kabisa, kisheria, hakuna bili ya mwezi. Unanunua antena ya ndani mara moja basi. Nyuma ya TV tafuta tundu la duara lenye nyuzi za skrubu, limeandikwa ANT IN, funga kebo ya antena pale kwa vidole mpaka ikaze. Weka antena dirishani, upande inakotokea mitambo ya kurushia, na hiyo unaijua kwenye tovuti ya FCC, mamlaka ya mawasiliano ya Marekani, wana ramani unaandika anwani yako inakuonyesha kila stesheni iko upande gani na nguvu yake ikoje. Halafu ingia kwenye menyu ya TV, settings, tafuta channel scan, iache imalize yenyewe. Ikikosa CBS sogeza antena futi moja mbili, juu zaidi, upande mwingine wa dirisha, kisha scan tena. Hii ya kuscan tena ni muhimu, watu wanasogeza antena halafu wanakaa wanaangalia chaneli zile zile za mwanzo wanasema haifanyi kazi.

Ila antena ina mpaka wake. TBS, TNT na truTV ni za kebo, hazishikwi hewani hata ukipanda juu ya paa. Na zaidi ya hapo, Final Four ya wanaume na fainali yake inapokezana, mwaka mmoja CBS mwaka mwingine TBS. Fainali ya kwanza kwenda TBS ilikuwa 2016, na tangu hapo miaka inayogawanyika kwa mbili ni TBS, isiyogawanyika ni CBS. Kwa hiyo 2027 mwenye antena anaona fainali bure, 2028 itabidi atafute njia nyingine. Lijue mapema usije ukalijua usiku wa fainali nyumba imejaa wageni.

Tuje kwenye kustrimu. Kama huna kebo, game za wanaume zinakaa sehemu mbili: za TBS, TNT na truTV ziko HBO Max, za CBS ziko Paramount+. Angalia kifurushi kabla hujatoa kadi. HBO Max ile ya bei ya chini yenye matangazo iliondolewa michezo laivu Machi 2025, unatakiwa uwe na Standard kwenda juu. Paramount+ nayo, stesheni yako ya CBS laivu muda wote iko kwenye kifurushi cha juu, cha chini hakina. Mwenye antena amepunguza gharama hapa maana CBS tayari anayo, anabaki na HBO Max tu. Kwa maoni yangu huo ndo mchanganyiko mzuri kuliko wote kwa mtu anayetaka wanaume peke yao: antena dirishani na mwezi mmoja wa HBO Max.

Ukitaka kila kitu sehemu moja, wanaume na wanawake, basi ni huduma za TV laivu kwa intaneti kama YouTube TV au Hulu + Live TV, zote mbili zina CBS, zile tatu za Turner, ABC na ESPN. Bei imechangamka lakini, YouTube TV ilipanda mpaka dola 82.99 kwa mwezi Januari 2025. Kuna wanaokimbilia za bei nafuu bila kusoma, na hapa naomba msome. Sling haina CBS. Fubo ina CBS ila chaneli za Turner ziliondoka pale tangu 2020, yaani hakuna TNT wala TBS wala truTV, na hizo ndo zinabeba sehemu kubwa ya raundi ya kwanza. Huduma ikikwambia ina "college basketball" haimaanishi ina mashindano haya. Tafuta ukurasa wao wa orodha ya chaneli, weka zip code yako (namba ya posta ya unakoishi), kagua majina manne moja moja, na truTV uikague mara mbili maana ndo watu hawaijui na ndo inakosekana.

Pia kuna app ya NCAA yenyewe, chama kinachoendesha mashindano haya, inaitwa March Madness Live. Hii ni nzuri sana na watu wanaichukulia poa. Game zote 67 za wanaume zinapita pale, na hata kama hutaki kuangalia video ndani yake, inakuonyesha sasa hivi kila game iko chaneli gani na imebaki dakika ngapi. Bila kuingia na akaunti inakupa muda mfupi wa kuonja, ukiisha inataka login ya kampuni yako ya TV. Hapa kuna kitu: kama wazazi au kaka yako unayeishi naye analipia kebo, login ya nyumba hiyo ndo inayotumika, jina na nywila ya akaunti ya kebo, sio ya wifi. Muombe mapema, usimpigie mtu simu usiku timu ikiwa chini pointi mbili.

Wanawake ni rahisi zaidi, chaneli nyingi lakini nyumba moja. ABC, ESPN, ESPN2, ESPNU na ESPNEWS, na tangu 2021 kila game inaonyeshwa kitaifa. Raundi ya kwanza ni Ijumaa na Jumamosi, ya pili Jumapili na Jumatatu, Final Four Ijumaa, fainali Jumapili. Wikendi ya kwanza zinagongana na za wanaume Ijumaa, Jumamosi na Jumapili, ila Final Four na fainali zina siku zake, ukijipanga unaona zote. Fainali iko ABC tangu 2023, kwa hiyo antena ile ile inakupa fainali ya wanawake bure kila mwaka. Usiku ule wa 2024, South Carolina ya kocha Dawn Staley ilipoifunga Iowa ya mchezaji nyota Caitlin Clark 87 kwa 75, walioangalia walikuwa zaidi ya milioni 18, fainali ya wanaume mwaka huo huo haikufika milioni 15. Kwa game nyingine za wanawake unahitaji chaneli za ESPN zenyewe, na tangu Agosti 2025 ESPN wanauza app yao moja kwa moja bila kebo, dola 29.99 kwa mwezi wakati inazinduliwa, ile inayoitwa Unlimited. Usichanganye na ile ya bei ndogo, hiyo haikupi ESPN yenyewe wala ESPN2.

Siku ya Alhamisi ya kwanza game nne zikiwaka pamoja utatamani macho manne. YouTube TV wana multiview, skrini inagawanyika vipande mpaka vinne, walianza nayo Machi 2023 kwa ajili ya mashindano haya haya. Sauti inatoka ya game moja, unahama kwa rimoti. Kama huna hiyo, TV ishike kubwa na simu ishike nyingine kupitia March Madness Live, inatosha.

Ukistrimu ujue uko nyuma. Mwenye antena anaona kikapu kabla yako kwa sekunde kadhaa, wakati mwingine nusu dakika nzima. Kwa hiyo zima notifikesheni za matokeo na uitoe sauti grupu ya WhatsApp, la sivyo utajua kuwa kikapu cha mwisho cha pointi tatu kimeingia wakati kwako mchezaji bado anavuka nusu uwanja. Hilo linaharibu kabisa, na ndo utamu wenyewe wa basketi hii, timu ya chuo ambacho hujawahi kukisikia inamng'oa mkubwa kwa sekunde ya mwisho. Waliomuona Hasheem Thabeet wa Dar akiwa na UConn (Chuo Kikuu cha Connecticut) mpaka Final Four 2009 wanaelewa nachosema, tulikuwa hatutaki kukosa hata dakika.

Linki za bure zinazozagaa achana nazo. Zinafungua madirisha kumi ya matangazo, zinakuomba uweke programu ya ajabu, na zinakata dakika mbili za mwisho. Bora uende sehemu wanaonyesha, sports bar yoyote wiki hiyo ina TV kila ukuta, mwambie mhudumu akuwekee truTV na umtajie namba ya chaneli kabisa, maana hata wao wanaitafuta.

Timu yako ikikosa braketi kubwa usifunge TV bado. Kuna NIT, mashindano ya timu zilizokosa nafasi, iko kwa ESPN, na kuna mengine kama hayo, College Basketball Crown kule Las Vegas, ilianza 2025, ambayo iko FOX na FS1, FOX nayo ni ya hewani antena inaishika.

Mwisho ni hela. Usilipie mapema Machi mwanzoni, mwezi utaisha kabla ya Final Four ya Aprili na watakukata tena. Lipia siku ya Jumanne ya First Four, kutoka hapo mpaka fainali ya Jumatatu ni wiki tatu tu, mwezi mmoja unabeba mashindano yote. Halafu siku hiyo hiyo uliyojiunga ingia kwenye akaunti ukanseli, huduma nyingi zinakuacha uendelee kuangalia mpaka siku uliyolipia iishe, ila soma ujumbe wanaokuandikia kabla ya kubonyeza, na kama ulijiungia kupitia Roku, Amazon au Apple basi kukanseli ni huko huko, kwenye tovuti ya huduma yenyewe hutakiona hicho kitufe.