Umeshinda rufaa na umerudishwa kazini? Hivi ndo unavyodai mishahara yako ya nyuma

Watumishi wengi wa serikali hapa Tanzania wakishapata barua ya Tume ya Utumishi wa Umma kwamba kufukuzwa kwao kumetenguliwa, wanadhani pesa itafuata yenyewe. Haiendi hivyo. Barua inakurudisha kazini, ila malimbikizo yanalipwa kwa madai yanayoandaliwa pale kwa afisa utumishi wako, na yeye mezani ana mafaili mengi, usipomfuatilia lako linalala.

Kwanza soma uamuzi mpaka mwisho, usiishie pale penye rufaa kukubaliwa. Kuna uamuzi unaosema urejeshwe na ulipwe stahiki zako, huo ni mzuri. Halafu kuna ule unaosema utaratibu haukufuatwa, labda hukupewa hati ya mashtaka au hukusikilizwa kwenye kamati ya uchunguzi, kwahiyo shauri lianze upya. Hapo unarudi ulipokuwa kabla ya kufukuzwa na mwajiri anaweza kukufungulia mashtaka tena, usikimbilie kukopa kwa kutegemea malimbikizo. Na mwajiri naye asiporidhika anaruhusiwa kukata rufaa kwa Rais, kama wewe tu, na uamuzi wa Rais ndo wa mwisho. (Kama bado hata rufaa hujakata, una siku 45, na usianzie CMA (chombo cha kusuluhisha migogoro ya kazi), tangu marekebisho ya sheria ya 2016 lazima umalize kwanza njia za Sheria ya Utumishi wa Umma. Walimu wanapitia TSC, yaani Tume ya Utumishi wa Walimu.)

Ukishaelewa uamuzi, nenda karipoti na uripoti kwa maandishi. Peleka barua masijala, wakugongee muhuri wa kupokelewa kwenye kopi yako, uondoke nayo. Ule muhuri wenye tarehe usiudharau, bila huo atakuja mtu aseme uamuzi ulitoka Machi lakini wewe umeonekana kazini Juni, na miezi ya katikati hiyo utaanza kuigombania upya.

Kinachofuata ni kurudishwa kwenye mfumo wa mishahara kwa cheki namba yako ileile (namba yako ya mtumishi kwenye mfumo). Hili lisukume kabla ya malimbikizo, maana kama mshahara wa sasa hivi hautoki deni linazidi kukua tu.

Sasa madai yenyewe. Viambatisho ni barua ya ajira, barua ya kupandishwa cheo ya mwisho, barua ya kusimamishwa na ya kufukuzwa, uamuzi wa Tume, barua ya kurejeshwa, slipu ya mwisho kabla hujaondolewa na ya kwanza baada ya kurudi. Piga hesabu mwenyewe mwezi kwa mwezi, usimwachie mtu. Tuseme mshahara ulikuwa 700,000, ukasimamishwa kwa nusu mshahara kuanzia Januari mpaka Agosti 2023, Septemba ukafukuzwa, Julai 2025 ukarudi kwenye mfumo. Miezi 8 ya nusu ni 2,800,000, miezi 22 ambayo hukupata kitu ni 15,400,000, jumla 18,200,000 kabla ya makato. Hiyo miezi ya nusu ndo watu wanaisahau kabisa, wanadai kuanzia siku ya kufukuzwa tu.

Na kiwango kisiwe kimoja kama katikati mishahara ilibadilika. Kima cha chini serikalini kilipanda kutoka 370,000 hadi 500,000 kuanzia Julai 2025, kwahiyo deni linalovuka mwezi huo lazima uulizie mshahara mpya wa ngazi yako na uweke mistari miwili tofauti kwenye jedwali.

Usitegemee kushika hela yote, kodi ipo na makato mengine ya kisheria yapo. Ila hapo kwenye mfuko wa pensheni kuwa mkali: PSSSF mtumishi anachangia asilimia 5 na mwajiri asilimia 15, miezi uliyokuwa nje haikuchangiwa, kwahiyo ukilipwa nenda kachukue taarifa ya michango uone kama imejazwa. Pengo la miaka miwili hulioni leo, utaliona siku ya kustaafu.

Uvumilivu unahitajika, maana madai yanahakikiwa kabla Hazina haijatoa pesa. Hata mwaka 2018 serikali ilipoagiza watumishi wenye elimu ya darasa la saba walioondolewa kazini, walioajiriwa kabla ya 20 Mei 2004 warudishwe na walipwe, lilikuwa agizo la wazi kabisa lililotolewa bungeni, lakini bado kila mtu alipaswa kuwa na karatasi zake. Muulize afisa utumishi kama madai yameshaingizwa kwenye mfumo na yamekwama hatua gani, ukijibiwa tu "yapo yanashughulikiwa" andika barua kwa mkurugenzi, kopi Tume, na huko nako usisahau muhuri. Kama uko chama cha wafanyakazi, TALGWU au TUGHE au CWT, wape kopi ya kila kitu, wanakata ada kwenye mshahara wako kila mwezi kwa ajili ya kazi kama hii.