Namna ya Kuandika Wasifu wa Mji Mdogo wa Wakulima: Mfano wa Mbinga

Wasifu mwingi wa miji midogo ya wakulima huanza kwa kutaja mipaka ya utawala, huendelea kwa idadi ya watu, na huishia kwa kusema kwamba mandhari yanavutia na wenyeji ni wakarimu. Maelezo ya namna hiyo, jina la mji likifutwa, yanaweza kubandikwa juu ya mji mwingine wowote wa nyanda za juu na hakuna atakayegundua. Hicho ndicho kipimo cha kwanza ambacho mwandishi anapaswa kukiweka mbele yake: sentensi inayofaa kwa kila mji haifai kwa mji wake.

Mwongozo huu unapendekeza njia nyingine, ambayo ni kuanza shambani, kulifuata zao mpaka linapogeuka fedha, kisha kurudi kwenye mipaka na takwimu ukiwa tayari unajua zinahesabu nini. Mfano utakaotumika ni Mbinga, mji wa kahawa na mahindi katika Mkoa wa Ruvuma, kiasi cha kilomita 100 magharibi ya Songea, ambao kabla ya lami kufika katika miaka ya 2010 ulikuwa mgumu kufikika wakati wa masika. Waandishi wa miji mingine watabadilisha zao na msimu, lakini utaratibu wenyewe hautabadilika sana.

Soma kabla ya kupanda basi

Takwimu za sensa ndizo hupatikana kwa urahisi zaidi, na kwa sababu hiyo ndizo hutumiwa vibaya zaidi. Sensa ya 2002 ilihesabu watu 404,799 katika Wilaya ya Mbinga, na ile ya 2012 ikahesabu 353,683. Mwandishi asiyejua habari anaweza kuandika, kwa ujasiri kabisa, kwamba watu zaidi ya elfu hamsini waliikimbia wilaya katika muda wa miaka kumi, na pengine akatunga na sababu zake: bei ya kahawa, ardhi kuchoka, vijana kukimbilia mijini. Ukweli ni kwamba eneo la kando ya Ziwa Nyasa lilikuwa limemegwa na kuwa Wilaya ya Nyasa, yenye makao makuu Mbamba Bay, na sensa hiyohiyo ya 2012 ililihesabia watu 146,160. Ukizijumlisha wilaya hizo mbili utaona kwamba watu waliongezeka kwa karibu laki moja. Kwa hiyo usinukuu idadi yoyote kabla ya kujua mpaka ulikuwa umepita wapi mwaka huo, na ukilinganisha sensa mbili, mweleze msomaji kama eneo ni lilelile.

Jambo la pili la kuchunguza ni nani aliyeandika kabla yako na kwa shabaha gani. Mbinga ya zamani ilikuwa sehemu ya Wilaya ya Songea, na mwenye kutafuta kumbukumbu za utawala wa Mwingereza ataanzia kwenye Nyaraka za Taifa, Dar es Salaam, katika majalada ya Songea. Wamisionari Wabenediktini, waliofika Peramiho mwaka 1898, nao waliacha maandishi. Tangu miaka ya 1990 watafiti wa Chuo Kikuu cha Kilimo cha Sokoine, wakishirikiana na wenzao wa Kyoto nchini Japani, wamechunguza kilimo cha milima ya Umatengo, yaani eneo la Wamatengo ambao ni wenyeji wa Mbinga, kwa kina ambacho miji mingi midogo haijapata kukipata. Vyanzo vyote hivyo ni vya thamani, ila havina macho yaleyale: ofisa wa kikoloni alimwona mlipa kodi, mmisionari alimwona muumini, na mtafiti wa udongo alitazama udongo. Mwandishi wa wasifu anavisoma vyote akijiuliza kila kimoja kiliacha nini.

Barua, salamu na msimu

Hapa maneno machache yanatosha. Chukua barua ya utambulisho kutoka ofisi ya mkurugenzi mtendaji wa halmashauri, uipeleke kwa mtendaji wa kata, kisha kwa mtendaji wa kijiji, na usiende kwenye kitongoji chochote kabla mwenyekiti wake hajajua wewe ni nani. Mji mdogo hauna mgeni asiyeonekana. Wazee waamkie shikamoo hata kama umri wenu haujapishana sana, ukubali kuketi kabla ya kutoa daftari, na usianze na maswali ya ardhi wala madeni siku ya kwanza.

Kuhusu wakati wa kwenda, ushauri wangu ni kwamba usiutafute msimu wa mapumziko. Ni kweli kwamba watu watakuwa na nafasi zaidi ya kuzungumza, lakini watakuwa wanakueleza kazi badala ya wewe kuiona. Ukiweza kwenda mara mbili, nenda Machi mashamba ya maharage yanapoandaliwa, na urudi kati ya Juni na Septemba wakati wa kuvuna kahawa. Ukiwa na safari moja tu, ichague ile ya Machi, kwa sababu kuhusu kahawa utasimuliwa vizuri wakati wowote, ilhali ngoro, yaani vishimo na matuta ambayo Wamatengo huchimba kwenye miteremko ya mashamba yao, lazima uione inachimbwa.

Anza na ardhi

Milima ya Umatengo imesimama kati ya mita 1,300 na 2,000 hivi juu ya usawa wa bahari, na miteremko yake ni mikali kiasi kwamba mgeni hushangaa kuona imelimwa. Mvua hunyesha kwa msimu mmoja, kuanzia Novemba au Desemba hadi Aprili au Mei, na hunyesha kwa nguvu. Kwa kawaida mteremko wa namna hiyo ungepoteza udongo wake katika miaka michache. Haukuupoteza, na wasifu wowote wa Mbinga usioeleza kwa nini haujaanza kazi.

Sababu ni ngoro. Mwishoni mwa masika wanaume hufyeka majani kwa nyengo, yaani panga lililopinda, huyaacha yanyauke, kisha huyapanga juu ya mteremko katika mistari inayokatana, hivi kwamba shamba zima hugawanyika katika miraba. Baada ya hapo wanawake huchimba udongo wa katikati ya kila mraba na kuufukia juu ya majani yale, na kinachobaki ni vishimo vilivyozungukwa na matuta, safu juu ya safu, kutoka juu ya kilima hadi karibu na kijito. Maharage hupandwa juu ya matuta. Maji ya mvua hutuama katika vishimo badala ya kuteremka kwa kasi, matope hubaki humohumo, na majani yaliyofukiwa huoza na kulisha mazao. Maharage yakishavunwa, mahindi hupandwa kwenye matuta hayohayo mvua za mwisho wa mwaka zinapoanza. Mahindi yakivunwa shamba hupumzika na kuota majani mpaka Machi, ndipo ngoro mpya huchimbwa mahali palipokuwa na matuta na vishimo vya zamani. Mzunguko huo huchukua miaka miwili.

Angalia jinsi maelezo hayo yalivyobeba mambo mengi kwa pamoja bila kuyapa vichwa vya habari: hali ya hewa, mgawanyo wa kazi kati ya wanaume na wanawake, chakula cha nyumbani, na kalenda ya mwaka. Kazi ya kuchimba, iliyo nzito kuliko zote, imeangukia kwa wanawake, na mwandishi aliyezungumza na wanaume peke yao chini ya mti wa kijiji hatalipata jambo hilo kwa uzito wake. Kwa hiyo panga mazungumzo na akina mama shambani, wakati wao, na ukiruhusiwa shika jembe kwa saa moja. Hutawasaidia sana, lakini maswali yako yatakuwa bora.

Ukishaielewa ngoro, uliza ni nani mwenye shamba na alilipataje. Katika vilima hivi ardhi ya ukoo huitwa ntambo, nayo ni mgongo wa mlima uliotenganishwa na mwingine kwa vijito, ambapo nyumba, kahawa, mashamba ya ngoro na bustani za bondeni hushuka kwa mfuatano. Wazee wa ukoo walikuwa na desturi ya kukutana kwenye sengu, mahali pa kula pamoja na kuzungumza mambo ya familia, yakiwemo ya kugawa ardhi. Hapo utapata historia bila kuilazimisha. Wamatengo walijibana katika milima ya kuzunguka Litembo katika karne ya 19 wakijikinga na mashambulizi ya Wangoni, na watu wengi katika eneo dogo lenye miteremko ndio waliohitaji kilimo cha kutunza udongo kiasi hicho. Baadaye, milima ilipojaa, familia nyingi zilihamia upande wa mashariki kwenye misitu ya miombo, katika vijiji kama Kitanda, ambako miteremko si mikali na mashamba ni mapana zaidi. Kwa hiyo mwulize kila mzee ukoo wake ulitokea mlima upi. Swali hilo hufungua mazungumzo kuliko kuuliza historia ya mji ilianza lini, maana hilo la pili humfanya mtu atafute tarehe ambayo hana.

Lifuate zao mpaka kwenye fedha

Mahindi na maharage huonyesha jinsi watu wanavyokula. Kahawa huonyesha jinsi mji ulivyojengwa. Aina inayolimwa Mbinga ni arabika, iliyoingia wakati wa ukoloni, na njia bora ya kuiandika ni kutembea nayo. Anza na mche wenyewe, ambao pengine umetoka katika miche bora ya kituo cha utafiti wa kahawa cha Ugano, kilicho chini ya TaCRI, yaani Taasisi ya Utafiti wa Kahawa Tanzania. Fuata matunda mekundu yanapochumwa na kumenywa, ama kwa mashine ya mkono nyumbani ama kwenye mtambo wa kikundi ambao wakulima huuita CPU, kisha yakichachushwa, yakaoshwa na kuanikwa juu ya vichanja. Nenda nayo kwenye ghala la chama cha msingi, yaani AMCOS, halafu kwenye kiwanda cha kukoboa kilichopo mjini, na hatimaye uulize habari za mnada.

Katika kila kituo uliza maswali matatu tu: nani anapima, nani anaandika, na fedha inalipwa lini. Majibu yatakueleza habari za mji kuliko hotuba ya mgeni rasmi. Utasikia juu ya vyama vikuu vya ushirika vilivyofutwa na serikali mwaka 1976 na kurudishwa kwa sheria ya 1982, juu ya soko huria lililofunguliwa katikati ya miaka ya 1990 na wanunuzi binafsi kuingia vijijini, na juu ya agizo la msimu wa 2018/2019 kwamba kahawa iuzwe tena kupitia ushirika. Yaandike mabadiliko hayo jinsi yalivyomgusa mkulima: nani alimkopesha mbolea, nani aliacha kumkopesha, na alifanya nini mwaka huo.

Utasikia pia habari za magoma, ingawa si siku ya kwanza. Katika miezi ya mwanzo wa mwaka, ghala la mahindi linapopungua na shule zinapofunguliwa, mkulima huchukua fedha kwa mfanyabiashara na kuahidi kahawa ambayo bado iko mtini, kwa bei iliyo chini sana ya ile ya msimu. Viongozi hukemea magoma kila mwaka na magoma huendelea kila mwaka. Mwandishi asiishie kwenye kukemea. Aeleze ni mahitaji gani yanayomsukuma mtu kwenye mkopo huo mwezi wa Januari, na asitaje jina, kitongoji wala dalili yoyote itakayomtambulisha mdaiwa au mdai. Katika mji ambao kila mtu anamjua mwenzake, kusema tu kwamba ni mjane mwenye duka karibu na stendi ni sawa na kumtaja kwa jina.

Kupanga na kuhakiki

Ukikaa kuandika, usifuate mpangilio wa daftari lako. Kalenda ya kilimo ni uti wa mgongo mzuri kwa sababu inakuruhusu kuingiza jambo lolote mahali linapotokea: ada za shule zitakuja Januari pamoja na magoma, ngoro Machi, pikipiki mpya na harusi baada ya malipo ya kahawa. Mambo yasiyotokana na kilimo yape nafasi inayolingana na uzito wake. Makaa ya mawe ya Ngaka, yanayochimbwa wilayani tangu mwanzoni mwa miaka ya 2010, yameleta malori na ajira, na kuyaacha nje kwa sababu yanaharibu picha ya mji wa wakulima ni kumdanganya msomaji. Vilevile lami ya kutoka Songea, na ile inayoteremka hadi Mbamba Bay, imebadilisha anayenunua maharage na mahali yanapopelekwa, hivyo uliza bei ya gunia kabla na baada yake, na uhakikishe gunia hilo halikuwa lumbesa, yaani lililojazwa kupita kipimo.

Rasimu ikikamilika, irudishe. Isome kwa sauti mbele ya watu watatu au wanne waliokusaidia, akiwemo angalau mwanamke mmoja anayechimba ngoro na kijana mmoja asiye na ardhi, na uwaache wakukatize. Watasahihisha majina ya vijito, watabishana juu ya mwaka wa ukame, na huenda wakakataa sifa uliyodhani itawafurahisha. Pale wanapotofautiana, andika maelezo yote mawili. Mwisho, weka chini ya maandishi mwezi na mwaka uliofanya kazi hiyo, pamoja na mipaka ya wilaya kama ilivyokuwa wakati huo, ili atakayekuja na takwimu za sensa nyingine ajue analinganisha nini.