Sciaenidae: jina la nani, linaandikwaje, na kwa nini sangara hamo

Salaam wadau wa Mwaloni, wa Igombe, wa visiwani, na ninyi wanafunzi mliopo Nyegezi. Leo nashuka na somo la jina moja tu, Sciaenidae. Nalikuta kwenye fomu za mabondo (mifuko ya hewa ya samaki), kwenye ripoti za wanafunzi na chini ya picha za samaki ambazo watu wanatumiana kwenye simu, na mara nyingi limebandikwa kwa samaki asiyehusika. Jina la kisayansi likikosewa kwenye karatasi ya mzigo, wa kwanza kuumia ni mwenye mzigo. Kwa hiyo naomba tulipitie taratibu.

Hatua ya kwanza: mjue anayetajwa

Sciaenidae ni familia ya samaki inayokaribia spishi 300. Wengi wanaishi baharini karibu na pwani, penye matope na kwenye midomo ya mito. Wachache ni wa maji baridi: Amerika Kaskazini yuko Aplodinotus grunniens, anayevuliwa hata kwenye Maziwa Makuu ya kule, na mto Amazon yuko Plagioscion squamosissimus. Ziwa Victoria hakuna hata mmoja.

Nchi nyingi huwaita samaki hawa kwa majina ya ngoma au mngurumo, kwa sababu wengi wao hupiga sauti majini. Sauti hiyo inatoka mahali ambapo mtu wa Mwanza anapajua vizuri kuliko mtu mwingine yeyote: kwenye bondo. Aliyewahi kupasua sangara anajua mfuko ule mweupe uliojaa hewa, umelala chini ya uti wa mgongo. Samaki wa Sciaenidae wana misuli maalumu iliyokaa ubavuni mwa bondo. Misuli hiyo hukaza na kulegea kwa kasi kubwa mno, ni kati ya misuli yenye kasi zaidi kwa wanyama wenye uti wa mgongo, na ukuta wa bondo unatetema. Ndiyo ngoma yenyewe. Kwa spishi nyingi, madume peke yao ndio wenye misuli hiyo, na husikika zaidi msimu wa kuzaliana wakiita majike.

Sasa angalieni hapa. Kuna jenasi, yaani kikundi cha spishi za ndugu wa karibu ndani ya familia, inayoitwa Menticirrhus, ambayo samaki wake wakishakuwa wakubwa hawana bondo kabisa. Hawapigi ngoma, lakini ni Sciaenidae kamili. Familia inapangwa kwa undugu wa maumbile. Sauti ni sifa ya wengi wao, basi. Ukilishika hilo, nusu ya makosa ninayoyaona yatakwisha.

Hatua ya pili: jina limejengwaje

Mwaka 1758 Linnaeus aliipa jenasi moja ya samaki jina Sciaena. Ni neno la Kigiriki la samaki fulani wa baharini, linalohusishwa na neno la kivuli. Ndani ya jenasi hiyo yumo Sciaena umbra, samaki wa kahawia iliyokolea wa bahari ya Mediterania, na umbra nalo kwa Kilatini ni kivuli. Familia kwa jina Sciaenidae inahesabiwa kuwa ya Cuvier, mwaka 1829.

Kanuni ni hii: unachukua shina la jenasi ya mfano, unaongeza -idae. Sciaen- ikawa Sciaenidae. Kwa mtindo huohuo Clarias wa kambare ikatoa Clariidae, Mormyrus wa domodomo ikatoa Mormyridae, Lates wa sangara ikatoa Latidae. Jenasi ya mfano si lazima iwepo kwenye maji yenu. Sato na furu wetu ni Cichlidae, na jenasi Cichla iliyotoa jina hilo iko Amerika Kusini.

Hatua ya tatu: kuliandika na kulisema

Herufi ya kwanza iwe kubwa. Jina la familia halilazwi, yaani haliandikwi kwa herufi za mlazo. Kinacholazwa ni jenasi na spishi, mfano Lates niloticus, ambapo neno la pili huanza kwa herufi ndogo siku zote, hata kama limetokana na jina la mtu au mahali. Ukiandika kwa mkono, pigia mstari jenasi na spishi, familia iache ilivyo.

Kwenye sentensi ya Kiswahili, njia salama ni kusema "familia ya Sciaenidae ina spishi nyingi" au "samaki wa Sciaenidae wanaishi pwani". Usiandike "Sciaenidae mmoja amenaswa", maana neno lenyewe ni la kundi zima. Mmoja mmoja sema "samaki wa Sciaenidae", au ukipenda kutohoa, "sayenidi". Matamshi ya wengi ni sai-e-ni-dii.

Hatua ya nne: kumpima samaki aliye mbele yako

Hii ndiyo hatua ninayotaka muifanye kwa mikono. Chukua sangara mzima kabla hajapasuliwa, mlaze ubavu. Fuata kwa kidole ule mstari wa ubavuni unaoanzia nyuma ya kichwa. Haukomi kwenye shina la mkia, unaingia ndani ya pezi la mkia mpaka ukingoni. Sasa fungua kitabu: alama hiyohiyo inatajwa kwa Sciaenidae. Tazama mgongoni. Sehemu ya miiba na sehemu laini zinatenganishwa na mkato wa kina, na Sciaenidae wako vivyo hivyo. Mtu akiishia hapo ataapa kwamba sangara ni wa ukoo huo, na simlaumu.

Mgeuze uangalie chini, nyuma ya tundu la haja. Kuna pezi dogo pale. Lipanue kwa vidole viwili uanze kuhesabu kutoka mbele, miiba migumu tu, kabla hujafika kwenye nyuzi laini zinazopindika. Sangara ana miiba mitatu. Ule wa kwanza ni mfupi, umejibana kwenye ngozi, upapase kwa ukucha usiuruke. Samaki wa Sciaenidae ana miwili, au mmoja. Tofauti ya mwiba mmoja mfupi inatosha kuondoa ubishi wote.

Kipimo kingine ni mawe ya sikioni, yaliyo ndani ya fuvu. Sciaenidae wengi wana mawe makubwa isivyo kawaida ukilinganisha na mwili wao. Yale ya Aplodinotus watu wa Marekani huyaokota ufukweni na kuyaweka kama mawe ya bahati. Lakini hicho kipimo kinataka kupasua kichwa, kwa hiyo sokoni hesabu miiba.

MASWALI YA WANACHAMA

Mchuuzi wa Kayenze: Shikamoo mwalimu. Gogogo ukimtoa wavuni analia kabisa mkononi, na mwiba wake ukikuchoma unajuta. Kwa nini na yeye asiwe kwenye hiyo familia ya ngoma?

Marahaba dada. Gogogo ni Synodontis, familia ya Mochokidae, kundi la akina kambare. Sauti unayoisikia anaitoa kwa mwiba wa pezi la kifuani: anauzungusha kwenye kitako chake, mfupa unakwaruza mfupa. Siku nyingine mshike kwa uangalifu, utauhisi mtetemo pale pezi linapoungana na mwili. Tena hata furu wana sauti zao. Madume ya Pundamilia nyererei hutoa sauti wakati wa kumtongoza jike, na hao ni Cichlidae. Samaki wenye sauti ni wengi, wa koo mbalimbali.

Mfanyabiashara wa mabondo, Kirumba: Kaka, mnunuzi kaniletea fomu, sehemu ya jina la kisayansi kaandika mwenyewe Sciaenidae. Mzigo wangu wote ni sangara. Anasema haina shida, huko sokoni bondo ni bondo. Nisaini?

Usisaini ndugu yangu. Naelewa anakotoa hilo neno. Soko la mabondo la China lilizoea tangu zamani mabondo ya samaki wa Sciaenidae. Mmoja ni Bahaba taipingensis wa pwani ya China, ambaye amevuliwa hadi akakaribia kwisha. Mwingine ni Totoaba macdonaldi wa Ghuba ya California, kule Meksiko. Bondo la totoaba lina bei ya kutisha, na yeye yuko kwenye Kiambatisho cha I cha mkataba wa CITES, ule unaosimamia biashara ya kimataifa ya viumbe walio hatarini. Nyavu zinazotegwa kwa siri kumtafuta ndizo zinazomuua vaquita, pomboo mdogo anayepatikana kwenye ghuba hiyo peke yake, na waliobaki ni wachache mno.

Ukiandika Sciaenidae kwenye gunia la bondo la sangara, umeuweka mzigo wako halali kwenye kundi moja na bidhaa inayosakwa. Ofisa wa forodha akiushikilia aulize maswali, anafanya kazi yake. Na bondo likishakauka halina pezi wala mwiba wa kuhesabu. Kulitambua kwa uhakika kunahitaji kipimo cha vinasaba, na wakati huo mzigo umelala bandarini kwa gharama yako. Andika: Lates niloticus, familia Latidae, Ziwa Victoria. Mwambie mnunuzi abadilishe fomu. Akikataa kubadilisha neno moja, mimi ningejiuliza maswali mengine kumhusu kabla sijampa mzigo.

Mwanafunzi, Nyegezi: Mwalimu, kitabu kimoja kinaweka Sciaenidae chini ya Perciformes, kingine Acanthuriformes. Kwenye mtihani niandike ipi?

Perciformes ni mpangilio wa zamani. Oda hiyo, yaani kundi la familia nyingi, ilikuwa kapu kubwa, hata sangara na sato walitiwa humo. Tafiti za vinasaba zimeivunjavunja, na wataalamu wengi siku hizi wanawaweka Sciaenidae kwenye Acanthuriformes. Fuata kitabu mlichopangiwa na ukitaje, na usichanganye mipangilio miwili ndani ya jedwali moja. Jina la familia lenyewe halijaguswa.

Mdau wa Ukerewe: Kuna kitabu cha kale nimekirithi, kinaandika kwa Kiingereza neno linalosomeka "sayenoidi". Ni hao hao?

Mara nyingi ndio hao. Waandishi wa zamani walilitumia kwa maana ya samaki "wa namna ya Sciaena", kwa ulegevu kidogo, na wakati mwingine walichanganya humo samaki ambao leo wako familia nyingine. Ukinukuu, liache lilivyo. Ukiandika maneno yako mwenyewe, tumia Sciaenidae.

Mhamiaji kutoka Tanga, sasa yuko Nyamagana: Mkuu, sisi tuliokulia pwani tumewahi kuwala hawa bila kujua?

Bila shaka umewala. Bahari ya Hindi upande wetu yuko Otolithes ruber, na wapo wa jenasi Johnius, wadogo wenye pua butu. Wanapenda matope karibu na midomo ya mito, ndiyo maana huingia sana kwenye nyavu za kamba. Otolithes utamjua mdomoni: ana meno marefu machache ya mbele yanayochomoza kama ya mbwa, hata ukimfunga mdomo hayafichiki vizuri. Nyama yake ni laini, haivumilii joto, usimnunue alasiri kama hajalala kwenye barafu. Ukienda nyumbani likizo mtafute, umgeuze uhesabu miiba ya pezi la chini. Ukipata mitatu, huyo si Otolithes, nipigie picha ya ubavu na ya pezi hilo tumtafutie jina lake.