Kamishna wa mahakama akija shambani: mtumie vizuri

Kesi ya shamba huweza kukaa miaka kwa sababu ya swali moja: shamba lenyewe ni lipi? Huyu ana hatimiliki, yule ana nyumba na minazi iliyokwisha zaa, na hakuna anayeweza kuonyesha kama karatasi ile ni ya ardhi ile. Hapo mahakama, kwa kifungu cha 52 cha Sheria ya Mwenendo wa Kesi za Madai ya Kenya, yaweza kumteua kamishna, mara nyingi mpima ardhi, aende akaangalie na kuleta ripoti.

Kwanza angalia aina ya mgogoro. Ikiwa mnabishania mpaka tu, na mpaka huo ni wa jumla, yaani haukuwekwa kwa vipimo kamili, kifungu cha 18 cha Sheria ya Usajili wa Ardhi ya 2012 kinaizuia mahakama kusikiliza kesi mpaka Msajili wa Ardhi auamue. Mwanzie msajili, usije ukafukuzwa mahakamani baada ya gharama.

Ukiomba kamishna, andika maswali. Amri isemayo "achunguze shamba" huzaa ripoti isiyo na kazi. Omba aseme: bikoni (alama za mpaka) zipi zipo na zipi hazipo, nyumba ya mlalamikiwa iko ndani ya shamba namba ipi, imeingia mita ngapi, eneo lililoingiliwa ni ekari ngapi. Usiombe aseme mwenye mali ni nani. Hiyo ni kazi ya mahakama, na kamishna akiijibu anampa mpinzani wako sababu ya kuipinga ripoti nzima.

Mkabidhi nakala ya cheti cha utafutaji (kinachoonyesha shamba limesajiliwa kwa nani), ramani ya usajili na ramani ya upimaji. Ada yake huamriwa na mahakama, na kwa kawaida hulipwa kabla hajatoka.

Siku ya ziara pande zote ziwe zimearifiwa kwa maandishi. Mzee wa mtaa na majirani wawepo, kwa kuwa wao ndio wajuao ua wa minyaa ulipokuwa kabla haujakatwa. Bikoni ya kawaida ni chuma kilichosimikwa katika saruji. Pwani mchanga huifunika, kwa hiyo leteni jembe na mchimbe pole pole. Ikionekana imeegemea, au saruji ni mpya kuliko inavyotarajiwa, asiitegemee peke yake. Apime kutoka bikoni tatu au zaidi ambazo hazijaguswa, na umbali baina yao ulingane na ramani.

Kosa linaloharibu ripoti nyingi ni la GPS. Ramani zetu nyingi za upimaji zimo katika mfumo wa kuonyesha mahali uitwao Arc 1960, na simu husoma mfumo mwingine, WGS84. Ukizichanganya bila kubadilisha, shamba zima husogea kama mita 300. Mita 300 ni mtaa mwingine kabisa! Ripoti lazima itaje mfumo uliotumika.

Ripoti ikifika mahakamani huwa ushahidi, lakini haiifungi mahakama. Isome kwa kuilinganisha na maswali ya amri: lipi halikujibiwa? Je, mchoro una vipimo, au ni mistari mitupu? Ukiona kasoro, omba kamishna aitwe ahojiwe kwa kiapo, na uombe kabla ya hukumu. Ukinyamaza hadi rufaa, utaulizwa ulikuwa wapi.